Jinsi ya kumfuatilia mwigizaji wa filamu tano

Kila nikisoma mtandaoni kwamba mwigizaji fulani wa zamani "aling'ara kidogo kisha akapotea", swali langu ni lile lile: nani alimtafuta akamkosa? Jon Whiteley ni mmoja wa wanaoandikwa hivyo. Alikuwa mtoto wa Kiskoti aliyecheza filamu tano za sinema zilizotoka kati ya 1952 na 1956, akapewa Oscar ya watoto, na hapo ndipo waandishi wengi wanapofunga hadithi. Ukweli ni kwamba kuanzia 1978 hadi 2014 alikuwa kazini katika Makumbusho ya Ashmolean, mjini Oxford, jengo ambalo mtu yeyote anaingia bila kulipa kiingilio. Huyo hakupotea. Aliacha filamu akiwa na miaka 11, akarudi shule.

Mimi ni mkutubi hapa Tanga. Mchana nashinda na katalogi, usiku natazama sinema za Kiingereza za miaka ya 1950. Waigizaji wakubwa wana waandishi wao. Mimi hupenda hawa wadogo, ambao majina yao hupita haraka mwanzoni mwa filamu. Nitaeleza ninavyowafuatilia, na nitamtumia Whiteley kama mfano kwa sababu njia yake ina karibu kila mtego utakaokutana nao. Unachohitaji ni kauntabuku moja, kalamu, bando la intaneti (la usiku ni nafuu, na filamu zinameza bando) na subira.

Tazama kwanza

Usianze na wasifu. Anza na filamu ya kwanza kabisa, uitazame kabla hujajua lolote juu ya mtu huyo. Ukishasoma kwamba alipata Oscar, utakaa ukimtazama mshindi wa Oscar, na mtoto wa miaka sita aliyesimama mbele ya kamera hutamwona.

Filamu ya kwanza ya Whiteley ni Hunted, iliyoongozwa na Charles Crichton, ikatoka mwaka 1952. Yeye ni Robbie, mtoto wa kulea anayekimbia nyumbani kwao London baada ya kusababisha moto, akihofia kipigo. Anaingia mbio kwenye gofu la jengo lililobomolewa na mabomu ya vita, na humo anamkuta baharia, anayechezwa na Dirk Bogarde, pamoja na maiti ya mtu aliyemuua muda si mrefu. Kwa kuwa mtoto ameona, baharia anaondoka naye. Kuanzia hapo ni safari ya kwenda kaskazini: wanapita kwenye mji wa viwanda vya vyombo vya udongo, wanaishia pwani ya Uskoti.

Sasa fanya hivi: itazame mara ya pili, na safari hii angalia mikono tu. Mwanzoni Bogarde anamburuta mtoto, amemkamata kama mzigo unaomchelewesha. Katikati ya safari anagundua alama za viboko mgongoni mwa mtoto, na kuanzia hapo ushikaji wake unabadilika. Mwishoni, baada ya kuiba mashua ya uvuvi na kuelekea baharini, anageuza mashua kurudi bandarini ambako polisi wanamngoja, kwa sababu mtoto anaumwa. Anashuka gatini amembeba. Hakuna hotuba inayoeleza badiliko hilo, limefanywa na mikono na uzito wa mtoto aliyelegea. Na hapo utaona Whiteley alikuwa na kipaji gani: alijua kuacha mwili wake ubebwe. Watoto wengi wa sinema wa wakati ule hawakuweza. Unaona kabisa wanangoja zamu yao ya kusema.

Andika ulichokiona usiku huo huo, kabla hujasoma mtu mwingine ameona nini.

Safu nne za kauntabuku

Kwenye ukurasa unaofuata chora safu nne. Ya kwanza ni jina la filamu pamoja na majina yake mengine yote. Ya pili ni mwaka ilipotoka, na nchi ilikotoka kwanza. Ya tatu ni jina la mhusika na la mwongozaji. Ya nne unajitungia mwenyewe: swali moja ambalo utaliuliza kila filamu. Kwa mtoto huyu swali langu lilikuwa, huyu ni mtoto wa nani?

Nikijaza safu hiyo ya nne ndipo nilipoanza kumwelewa. Katika Hunted ni mtoto wa kulea anayepigwa. Katika The Kidnappers ya 1953, iliyoongozwa na Philip Leacock, ni Harry, yatima anayepelekwa Nova Scotia, Kanada, pamoja na mdogo wake kuishi na babu mkali. Babu alimpoteza mwanawe kwenye Vita vya Makaburu kule Afrika Kusini na hataki kusikia habari za Waholanzi waliomzunguka. Anawakatalia watoto kufuga mbwa. Wao wanaokota mtoto mchanga porini na kumficha wamlee wenyewe. Katika Moonfleet ya 1955 ni John Mohune, aliyefiwa na mama, anayefika pwani ya Dorset na barua ya kumkabidhi kwa mwanamume aliyewahi kumpenda mama yake, ambaye sasa ni kiongozi wa wafanya magendo. Katika The Weapon ya 1956 anaishi na mama tu. Anaokota bastola kwenye magofu ya London, inafyatuka na kumjeruhi mwenzake, naye anakimbia. Katika The Spanish Gardener, pia ya 1956, wazazi wametengana, na yeye anaishi Hispania na baba yake, mwanadiplomasia wa Uingereza mwenye wivu wa kutisha, anayechukia urafiki wa mwanawe na mtunza bustani.

Filamu tano, waongozaji wanne tofauti, na kila mara ni mtoto ambaye nyumba yake ina pengo, akijishikiza kwa mtu mzima aliyepo karibu. Hilo halimo kwenye orodha za mtandaoni. Linatoka kwenye safu ya nne.

Linganisha pia mashua mbili. Katika Hunted mwanamume anarudisha mashua kwa ajili ya mtoto. Katika Moonfleet, Stewart Granger, anayecheza yule kiongozi wa magendo, akiwa na jeraha la kumuua, anaondoka na mashua huku mtoto akiamini kwamba rafiki yake atarudi. Mtoto wa miaka tisa hivi anasema hilo bila kulia, bila kuinua sauti. Kwa maoni yangu hiyo ndiyo kazi yake bora kuliko zote, na wachambuzi wa Ufaransa, walioipenda Moonfleet sana kuliko Waingereza na Wamarekani, walikuwa na haki. Fritz Lang ndiye aliyeiongoza, na ilipigwa California, si Dorset. Lang alipata mtoto aliyejua kutulia mbele ya kamera.

The Weapon ndiyo dhaifu. Itazame kwa ajili ya magofu: miaka zaidi ya 10 baada ya vita, London bado ina mashimo ambamo watoto wanacheza.

Mitego ya majina na miaka

Jina lake ni Jon, bila h. Ukiandika John utapata watu wengine kabisa, na magazeti ya wakati ule yalikosea mara kwa mara, kwa hiyo tafuta kwa tahajia zote, pamoja na Whitely yenye e moja. Hii ni kazi ya kuchosha ila usiiruke.

Majina ya filamu nayo hubadilika zikivuka Atlantiki. Hunted iliitwa The Stranger in Between kule Marekani. The Kidnappers ikawa The Little Kidnappers. Nimeona orodha zinazohesabu filamu hizo mara mbili, na ghafla mtoto ana filamu saba.

Miaka ndiyo inayowachanganya watu zaidi. The Kidnappers ilitoka Uingereza mwaka 1953, ikafika Marekani 1954, na tuzo ikatolewa Machi 1955. Ndiyo maana utakuta tarehe tatu kwa jambo moja, na zote zina msingi. Andika zote tatu, kila moja na maelezo yake. Tuzo yenyewe ilikuwa ya pekee: sanamu ndogo ya Oscar kwa ajili ya watoto, iliyoanza na Shirley Temple na kuishia kwa Hayley Mills. Waliowahi kuipata ni watoto 12 tu. Whiteley aliipata pamoja na Vincent Winter, aliyecheza kama mdogo wake. Wazazi hawakumruhusu kwenda Hollywood kuichukua, ikatumwa nyumbani. Alipokuwa mtu mzima alisimulia kwamba alipoifungua hakuvutiwa nayo, aliona ni sanamu isiyopendeza.

Karatasi zilizobaki

Hapa ndipo mkutubi anapofurahi, naomba univumilie.

Kwanza kabisa ujue mtu wako alizaliwa sehemu gani ya Uingereza, maana kumbukumbu za vizazi na vifo hazikai mahali pamoja. England na Wales zina daftari lao, lililoanza 1837, na faharasa yake unaitafuta bure kupitia FreeBMD. Uskoti ina lake, lililoanza 1855, na tovuti yake ni ScotlandsPeople. Whiteley alizaliwa Februari 1945 katika kijiji cha Monymusk, Aberdeenshire, ambako baba yake alikuwa mwalimu. Ukimtafuta FreeBMD hutamwona, na kama huna habari hiyo utaandika kwamba "kumbukumbu zake hazipo". Zipo, umebisha mlango usio wake.

Pili, redio. Mtoto huyu aligunduliwa kwa sauti: alikariri shairi la Edward Lear kwenye Children's Hour, kipindi cha watoto cha BBC, mtu wa filamu akasikia, akaitwa kwenye usaili. BBC ina hazina inayoitwa Genome, yenye ratiba zote za jarida la Radio Times kuanzia 1923, na inafunguka bure hata ukiwa Tanga. Usitegemee kukuta jina la kila mtoto aliyekariri shairi. Tafuta kipindi, tafuta mkoa, soma siku jirani. Kwa waigizaji wadogo waliopita kwenye televisheni, Genome mara nyingine ndiyo alama pekee iliyobaki.

Nitoe mfano unaotuhusu. Robert Adams, mzaliwa wa Guiana ya Uingereza aliyehamia London, alikuwa mwigizaji mkuu katika Men of Two Worlds, filamu ya Thorold Dickinson iliyotoka 1946. Hadithi yake iko Tanganyika: mtunzi wa muziki anarudi kutoka London kuwasaidia watu wake wahame eneo lenye ugonjwa wa malale. Filamu hiyo unaweza kuitazama mpaka leo. Lakini mwaka 1938 Adams aliigiza kwenye televisheni ya BBC kama mhusika mkuu wa igizo la The Emperor Jones, na matangazo ya wakati ule yalikwenda hewani moja kwa moja bila kurekodiwa. Igizo lilikwisha usiku ule ule. Kilichobaki ni mistari ya ratiba. Kwa hiyo ukihesabu kazi za mwigizaji, hesabu na zile ambazo hazitatazamwa tena, uziandike wazi kwamba hazikurekodiwa. Mtu mweusi aliyeshika nafasi kuu kwenye televisheni ya London kabla ya vita asiachwe nje ya daftari kwa sababu hakuna mkanda.

Tatu, magazeti. British Newspaper Archive inakuruhusu kutafuta bure, ila kusoma kurasa zake nyingi ni kwa malipo. Ushauri wangu: tafuta kwanza, andika tarehe na majina ya magazeti yaliyotokea, kisha lipia muda mfupi uyasome yote kwa pamoja. Anza na magazeti ya nyumbani kwao. Mwigizaji ambaye London ilimpa mistari miwili, Aberdeen ilimpa safu nzima na picha, kwa kuwa ni mtoto wao. Kwa majarida ya biashara ya filamu, hasa ya Marekani, kuna tovuti ya Lantern, ambayo inatafuta ndani ya majarida yaliyopigwa picha na kuwekwa wazi, haina malipo.

Nne, Monthly Film Bulletin, jarida la Taasisi ya Filamu ya Uingereza, BFI, lililotoka tangu 1934 hadi 1991. Lilichambua filamu zilizotoka Uingereza mwezi kwa mwezi, hata zile ndogo zisizotajwa na mtu mwingine, pamoja na orodha ya waigizaji. Maktaba ya BFI iko Southbank, London, na mtu yeyote anaingia bure. Mimi sikwenda. Binti wa kaka yangu anasoma London, nikamwomba. Akanijibu, "Shangazi, nipe orodha kamili, nisije nikatumwa mara mbili." Alikuwa na haki, na nawe ukimtuma mtu mpe jina la filamu, mwaka, mwezi na kitu hasa unachotaka asome. Usimwambie tu "niangalizie habari za Whiteley". Kuhusu kutazama filamu zenyewe, sehemu kubwa ya BFI Player, huduma ya BFI ya kutazama filamu mtandaoni, imefungwa kwa walio nje ya Uingereza, kwa hiyo DVD bado zina kazi.

Orodha za mtandaoni ambazo watumiaji wanajaza wenyewe zitumie kama dokezo. Kila jina linalotokea humo lihakikishe kwenye majina yanayopita ndani ya filamu: simamisha picha, soma, nakili kama yalivyoandikwa.

Miaka mingine yote

Sasa sehemu ambayo watu huiruka. Whiteley alikufa Mei 2020, akiwa na miaka 75. Filamu zilichukua takriban mitano kati ya hiyo. Ukiandika ukurasa mzima juu ya mitano na mstari mmoja juu ya sabini, hujamfuatilia.

Njia ni kubadilisha katalogi. Toka kwenye hifadhidata za filamu, ingia kwenye katalogi za maktaba na vyuo, utafute jina lile lile kama mwandishi. Whiteley alisoma historia Oxford, katika Chuo cha Pembroke, akaendelea hadi shahada ya uzamivu. Katika Ashmolean alishughulikia sanaa ya Ulaya, hasa ya Ufaransa. Aliandika kitabu kuhusu mchoraji Ingres, akaorodhesha michoro, akaandika pia kuhusu ala za nyuzi za makumbusho hayo, ambamo kuna fidla ya Stradivari ya mwaka 1716 inayoitwa Messiah. Serikali ya Ufaransa ikamtunuku nishani ya sanaa na fasihi mwaka 2009.

Lazima uthibitishe kwamba Whiteley wa filamu na Whiteley wa makumbusho ni mtu mmoja. Majina kufanana si ushahidi. Tafuta nyaraka moja inayotaja kazi zote mbili. Kwa marehemu, taazia ndizo zinazofanya hivyo. Usipoipata, waache wawe watu wawili kwenye daftari lako.

Na kama mtu wako yu hai, simama kwenye yale aliyoyafanya hadharani. Mtoto aliyeigiza miaka sitini iliyopita hakuahidi kujibu simu za wageni leo. Anwani, watoto wake, hali ya afya yake, hivyo si vyako hata kama umeviona mtandaoni. Akiwa amezungumza mwenyewe kwenye mahojiano, tumia maneno hayo. Asipozungumza, filamu zake zinatosha.

Kuandika ukurasa

Ukimaliza, andika ukurasa mmoja usio na sifa tupu. Nakupa mwanzo wa wangu uone kipimo:

"Jon Whiteley, Monymusk 1945 hadi 2020. Filamu tano za sinema, 1952 hadi 1956, ya kwanza na ya mwisho pamoja na Dirk Bogarde. Hucheza mtoto anayetafuta mtu wa kumshika. Huigiza kwa kunyamaza na kutazama. Mstari mrefu akiupewa huusema taratibu, kwa lafudhi ya nyumbani kwao. Tazama mwisho wa Hunted na mwisho wa Moonfleet kwa usiku mmoja. Baadaye mtaalamu wa sanaa ya Ufaransa, Ashmolean, 1978 hadi 2014."

Kila kauli hapo nina mahali pa kuielekeza: filamu, ratiba, katalogi au taazia. Pembeni ya ukurasa wako weka kwa kalamu nyekundu ilikotoka kila moja, kwa sababu baada ya mwaka utasahau. Ukikuta orodha ya mtandaoni imekosea, ipelekee masahihisho pamoja na ushahidi. Hifadhidata nyingi zina fomu ya kufanya hivyo, na wengine watakaokuja kutafuta wataanzia pazuri.

Wa kufuata baada yake ni Vincent Winter, yule mdogo wake wa The Kidnappers. Alizaliwa Aberdeen 1947, akaendelea kuigiza miaka kadhaa, halafu akahamia upande wa usimamizi wa utengenezaji wa filamu hadi alipokufa 1998. Kwake, majina ya mwanzo wa filamu hayatakufikisha mbali. Kaa mpaka mwisho, majina yote yapite.